Jiwe Lililoanguka Kwenda Juu

Siku yangu ya kwanza kazini niliosha mawe, na kwa kuyaosha nikayaharibu.

Nilikuwa kijana wa Msambweni, nimetoka shule juzijuzi, nimefika Kikoneni kwa lori la mbao na kutoka hapo nikaenda kwa miguu nikiuliza njia. Kambi ilikuwa mahema manne chini ya Jombo, ule mlima ambao watu wa upande wetu wa Kwale huutazama asubuhi kujua kama mvua itanyesha. Mkubwa wa kambi alikuwa Mpimaji Mkuu, mtu wa Taita, mfupi, mwenye kofia ya majani asiyoivua hata akila. Alinionyesha magunia matatu ya mawe yaliyoteremshwa kutoka mlimani, akaniambia niyatoe niyapange juu ya turubai, kisha akaenda zake kupumzika.

Niliyatoa. Yalikuwa machafu, na mimi nimelelewa na mama asiyevumilia uchafu. Nikaenda mtoni mara sita, nikayasugua moja moja kwa makumbi ya nazi mpaka yakang'aa, nikayapanga kwa uzuri wake: ya kijani huku, meusi yenye vimetameta kule, na yale ya kijivu yasiyo na sura nikayaweka mwisho. Mpimaji Mkuu alipotoka hemani alisimama akayatazama kwa muda mrefu.

"Bakari," akasema, "hizi namba za chaki zilizokuwa juu ya mawe ziko wapi?"

"Nimezisafisha, bwana."

"Umezisafisha." Akachuchumaa, akaokota jiwe moja, akaligeuza. "Namba ile ilikuwa anwani yake. Ilisema limetoka bonde gani, kimo gani, limekaa vipi. Sasa hapa sina sampuli, nina kokoto za kujengea choo. Kesho tunapanda, mimi na wewe, tukaokote nyingine."

Tulipanda siku kumi mfululizo. Alinibebesha yeye mwenyewe na alinifundisha yeye mwenyewe, na kufika siku ya tano alikuwa anacheka akikumbuka yale makumbi. Ndivyo nilivyoingia katika kazi ya usaidizi wa jiolojia, kazi ya kuwabebea, kuwapangia na kuwatunzia mawe wale wanaoyasoma. Nimeifanya mpaka nywele zimekuwa nyeupe. Nyinyi vijana mmeniomba niandike jinsi kazi ilivyokuwa zamani zetu, hasa kazi ya mawe ya volkano, nami nimekubali kwa sababu mbili. Ya kwanza ni kwamba napenda kuyasimulia. Ya pili ni kosa jingine nililolifanya, kubwa kuliko lile la kuosha, ambalo mwenzangu aliyeitwa Mwanatumu alilibeba kwa niaba yangu na likamharibia jina. Nitalifikia. Nivumilieni kwanza niwape mawe.

Watu wengi hawajui kama sisi wa Kwale tumelala juu ya volkano. Hazina moto tena, msikimbie. Jombo na Mrima ni mizizi ya volkano za kale sana, kabla ya mtu, kabla ya mnyama yeyote mnayemjua. Vilele vyake vimeshaliwa na mvua, na tunachokiona ni kile kilichokuwa chini. Pembeni mwake kuna vilima vidogo, vingine hata ramani haivitaji, na humo ndimo lilimofanyika jambo ambalo Mpimaji Mkuu alipenda kulieleza kuliko yote. Alilieleza tukiwa tumekaa kwenye mteremko, mawe mapajani, na chini yetu mikorosho imetandaa mpaka kwenye mstari wa bahari.

"Umewahi kumwona mama akikaanga mahamri?" aliniuliza.

"Kila Ramadhani, bwana."

"Tone la maji likianguka kwenye mafuta yanayochemka, huwa nini?"

"Linaruka. Linaweza kukuchoma jicho."

"Basi hapa hapakuanguka tone. Hapa paliingia maji ya nchi nzima."

Akanieleza. Rojo la moto, yaani mawe yaliyoyeyuka, hupanda kutoka chini kabisa likitafuta njia. Likitokea mahali pakavu, huweza kumwagika taratibu, au kuruka cheche, au kujenga mlima mrefu wenye ncha. Lakini ardhi ya huku ni ya mawe ya mchanga, na mawe ya mchanga hunywa maji na kuyahifadhi. Rojo likiyakuta maji hayo gizani huko chini, maji hayapati nafasi ya kuchemka kwa adabu. Hugeuka mvuke kwa mara moja, na mvuke unahitaji nafasi kubwa mno kuliko maji yaliyouzaa. Nafasi haipo, kwa hiyo unaitengeneza. Unapasua mwamba, unaurusha nje, shimo linabaki. Kisha kunatulia. Maji ya pembeni yanapenyeza tena ndani ya shimo, yanalikuta rojo, na inakuwa vilevile. Hupiga, hutulia, hupiga, pengine siku nyingi, pengine miezi.

Mlipuko wa namna hii haujengi mlima, huchimba. Huacha shimo pana lililozungukwa na kingo fupi za majivu, na chini ya shimo kuna njia iliyopanuka juu na kubana chini, mithili ya faneli ya kutilia mafuta ya taa. Ukitaka kuutambua baada ya shimo kufukiwa na mvua za miaka yote hiyo, tazama majivu yenyewe. Yatakuwa yamejaa vipande vya mawe ya mchanga, yaani mawe ya mwenyeji aliyevunjiwa nyumba, pengine mengi kuliko lile rojo la mgeni. Tafuta pia vidonge vya majivu: wingu la mlipuko huo huwa na unyevu, na majivu hujiviringisha humo yakawa vidonge vidogo vya duara, ukikipasua kimoja unaona ngozi juu ya ngozi, kama kitunguu. Halafu kuna matabaka yenye mawimbi madogo, kwa sababu wingu jingine halipandi mbinguni bali hutambaa chini likizunguka pande zote, na hutandika majivu yake kama maji ya bahari yanavyoacha mchanga wa ufuo wa Galu yakipwa.

Na kuna mawe yaliyodondoka. Hilo lishikeni sana. Mlipuko hurusha mawe makubwa juu, na yakirudi huangukia majivu mabichi. Jiwe huzama kidogo, na matabaka yaliyo chini yake hupinda kwenda chini, kama godoro la sufi linavyobonyea ukilikalia. Miaka ipite itakavyopita, majivu yawe mawe magumu, ile alama ya kubonyea haifutiki. Kwa alama hiyo mtu hujua juu ni wapi na chini ni wapi.

Sasa lazima niwaambie kasoro yangu ya kuzaliwa. Mimi ni mtu wa kuduwaa. Mama yangu alikuwa akiniita mara tatu ndipo nisikie. Mpe mtu mwingine jiwe lenye vidonge vya majivu, atakuandikia rangi na ukubwa. Nipe mimi, na kabla sijalifikisha kwenye lenzi nimeshaondoka. Naiona nchi hii haina minazi wala njia wala adhana, ni miti nisiyoijua na ukungu juu ya madimbwi. Nasikia kimya kinene. Kisha ardhi inavuta pumzi, na nguzo nyeusi inapanda polepole, maana mambo makubwa yakiwa mbali huonekana polepole, na chini yake pete nyeupe inafunguka na kutambaa kati ya miti bila haraka yoyote. Baadaye inanyesha. Vidonge vinaanguka kwenye majani, tap, tap, vya uvuguvugu. Nimesimama hapo nikilowa majivu mara nyingi kuliko nilivyolowa mvua ya kweli, na sijui niwashukuru vipi walionipa mshahara kwa ajili ya hayo.

Mpimaji Mkuu alikuwa akinigusa bega kwa mpini wa nyundo. "Rudi, Bakari. Bado tuna mawe ya kubeba." Hakunikemea. Nadhani naye alikuwa akienda huko, ila yeye alijua njia ya kurudi.

Kutoka Jombo nilihamishiwa Mrima, chini ya Mkuu wa Kambi ambaye alikuwa mtu wa taratibu. Mrima una msitu wa kaya, mahali patakatifu pa matambiko, na kabla hatujapiga nyundo hata moja alikwenda kwa wazee wa kaya, akakaa nao siku mbili, akarudi na ramani yenye mistari myekundu ya mahali tusipokanyaga. Aliniambia, "Jiwe la ndani ya mstari huu, hata likiwa la dhahabu, hulioni." Nililielewa. Baada ya Mrima nikapelekwa stoo ya sampuli pale Ukunda, miaka mingi ya vumbi na rafu za mabati. Mkuu wa Stoo alikuwa kijana wa bara, na lugha yake ilinichekesha mpaka nikaizoea. "Mzee Baka, hii dust itakumaliza, vaa mask," alikuwa akisema, na mimi nikimjibu kwamba vumbi hili limengoja muda mrefu kufika puani mwangu, si vizuri kulifungia mlango. Alikuwa mtu mwema, na alinifanyia barua ya kunipandisha cheo bila mimi kuomba.

Nilikuwa nimebakiza miaka miwili kustaafu nilipopelekwa Chirima.

Chirima ni kilima kidogo nyuma ya Jombo, kidogo kiasi kwamba mbuzi hukipanda bila kuhema. Mkubwa wetu huko alikuwa Daktari, daktari wa mawe si wa watu, msomi wa kweli, mwenye mashati yaliyopigwa pasi hata porini. Aliamini kwamba chini ya Chirima kuna faneli kamili ya mlipuko wa maji na moto, na kwamba matabaka ya majivu yalizama ndani yake yakahifadhika. Ili kuyaona ilibidi kuchimba kwa mtambo. Mtambo huzungusha bomba lenye meno ya almasi, na bomba likipandishwa hutoka na jiwe la duara, refu, jembamba. Sisi tuliliita mche, kwa kuwa linafanana na mche wa sabuni.

Kazi yangu ilikuwa kuupokea mche, kuuosha (sasa nilikuwa nimejua kuosha) na kuupanga kwenye boksi la bati lenye mifereji mitano. Sheria ilikuwa moja dunia nzima. Unaanza kushoto na sehemu ya juu ya mche, unakwenda kulia ukishuka, mfereji ukijaa unarudi kushoto kwenye mfereji wa pili, kama mtu anavyosoma ukurasa. Ukimaliza, mwenzako hupaka mishale ya rangi nyekundu kwenye mche kuelekea kulia, kuonyesha chini. Tangu hapo yeyote atakayelifungua boksi hana habari nyingine ya juu na chini isipokuwa ile mishale.

Mwenzangu alikuwa Mwanatumu, mwanamke wa Kibuyuni, mdogo kwangu kama miaka kumi na mitano. Mume alimfia mapema akamwachia binti mmoja. Alikuja kama kibarua wa kuosha vyombo kambini, akawa anasimama kwenye meza ya mawe kila akipata nafasi, akiuliza. Maswali yake yalikuwa mazuri kuliko ya wanafunzi wa chuo kikuu waliotutembelea. Daktari mwenyewe alimhamishia kwenye meza yangu, na alimwahidi mbele yangu kwamba miche ya Chirima ikimalizika, jina lake litapelekwa aajiriwe kazi ya kudumu. Siku alipoahidiwa alirudi mezani akashika brashi ya rangi akapaka mishale minane, kisha akasema, "Kaka Bakari, binti yangu atasoma." Siku nyingine mimi nilikuwa mtamboni na yeye ndiye aliyepanga, siku nyingine alikuwa yeye kwenye rangi na mimi kwenye kupanga. Hatukuandika nani kafanya nini. Tuliaminiana.

Boksi la kumi na saba lilijaa mchana mmoja wa jua la kiasi, baada ya adhuhuri. Mche uliopanda ulikuwa mzuri kupita yote niliyowahi kushika: kijivu laini, matabaka membamba kama kurasa, na vidonge vya majivu vimejipanga kama shanga. Nikauosha. Ulikuwa na joto la chini kwa chini mkononi. Mtambo ulikuwa umezimwa, watu wamejiinamia kivulini, na mimi nikaondoka kama kawaida yangu. Niliona ule ukungu, nikasikia ile tap, tap. Nilikaa huko kwa raha kabisa. Niliporudi, boksi lilikuwa limejaa, mifereji yote mitano, na mikono yangu ilikuwa imelowa.

Mimi nilijifunza kusoma mara mbili. Mara ya kwanza ilikuwa chuoni, kwa maalimu wa Kurani, juu ya mkeka, nikifuatisha herufi kwa kijiti kutoka kulia kwenda kushoto. Mara ya pili ilikuwa shuleni, kutoka kushoto kwenda kulia. Maisha yangu yote kazini nilipanga kwa namna ya pili. Mchana ule akili ilipokwenda zake, mkono ulibaki peke yake, na mkono ulirudi kwa maalimu wake wa kwanza. Kila mfereji niliuanzia kulia. Mwanatumu alikuja akakuta boksi limejaa, akapaka mishale yake kuelekea kulia kama sheria inavyosema, na mishale yote ikaelekea juu.

Sikujua. Nawaapia kwamba siku ile sikujua.

Daktari alichora mchoro wake wa mlipuko wa Chirima kwa kufuata mishale yetu, hasa ya boksi lile lililobeba sehemu kubwa ya majivu. Aliandika kwamba mlipuko ulianza kavu na kuishia kwenye maji mengi, jambo ambalo si la kawaida na lilimfurahisha mno. Akawaita wageni, wakubwa wa taaluma kutoka mji mkuu, waje wajionee. Tulipanga maboksi kwenye meza ndefu, tukatandika na vitambaa. Mmoja wao, mzee mwenye sauti ya chini, alipita polepole na lenzi yake, akafika boksi la kumi na saba akainama. Humo mlikuwa na jiwe la mchanga, la ukubwa wa ndimu, limebonyea ndani ya matabaka.

"Daktari," akasema, "hili jiwe limeangukia wapi?"

"Kwenye majivu mabichi, mzee. Ni alama nzuri sana."

"Ni nzuri. Lakini limebonyeza tabaka lililo juu yake." Akainua uso. Hakuwa na ubaya. "Hapa kwenu Chirima mawe huanguka kwenda juu?"

Wenzake wakacheka. Daktari alicheka nao, na shati lake likaanza kulowa mgongoni. Mimi nilikuwa nimesimama hatua mbili nyuma ya meza. Nilipoliona lile jiwe, mkono wangu wa kulia ulikumbuka kabla yangu.

Wageni walipoondoka, Daktari alituita sisi wawili mezani. Alikuwa mpole, na upole wake ulitisha kuliko ukali.

"Nani aliyepaka mishale ya boksi hili?"

"Mimi, Daktari," akasema Mwanatumu.

"Na nani aliyelipanga?"

Mwanatumu alinitazama. Sikuweza kuyasoma macho yake, au sikutaka. Nikajikausha. Nikainama nikaanza kufunga kamba ya kiatu ambayo haikuwa imefunguka.

"Tulikuwa tukipokezana, Daktari," akasema yeye.

"Limepangwa kutoka kulia," akasema Daktari. "Mtu aliyelipanga amezoea kusoma kutoka kulia. Wewe Mwanatumu, si ndiye unayewasomesha watoto chuoni kwenu siku za mwisho wa wiki?"

"Ndimi."

"Basi." Akafunga daftari. "Mzee Bakari amepanga maboksi tangu mimi sijaenda shule. Hajawahi kugeuza hata moja."

Hapo ndipo ningesema. Maneno yalikuwa mafupi: Daktari, nimelipanga mimi. Nami nimesoma chuoni, wala yeye hakuniuliza. Lakini nilikuwa nimebakiza miaka miwili, na barua ya sifa ilikuwa inaandaliwa, na kusema kweli si barua iliyonizuia, bali ile sentensi yake ya mwisho. Nilipenda kuwa mtu asiyewahi kugeuza boksi. Nilikuwa nimeiona aibu ya Daktari mbele ya wageni, nikaogopa ya kwangu. Aibu ndiyo iliyonishinda, hakuna kingine.

Mwanatumu aliambiwa jina lake halitapelekwa, na kwamba gari la Jumamosi litamchukua. Ilikuwa Jumatano. Alhamisi nilijiambia nitasema kesho. Ijumaa nilikwenda kuswali Kikoneni, nikamwomba Mungu anipe ujasiri, nikarudi kambini bila huo ujasiri. Jumamosi asubuhi alikuja mezani, mkoba begani.

"Shikamoo, kaka Bakari."

"Marahaba."

"Naondoka. Una neno la kuniambia?"

Nikamwambia, "Mungu atakufungulia mlango mwingine, inshallah."

Alinitazama kidogo. "Inshallah," akasema, akaenda kupanda gari. Lilichukua muda kuwaka. Mimi nilisimama pale nikishika brashi ya rangi mpaka vumbi likatua.

Tuligeuza lile boksi, tukafuta mishale, na mlipuko wa Chirima ukasomeka sawasawa: ulianza na maji mengi, ukapiga na kutulia mara kadha wa kadha, na maji yalipokwisha, rojo likapanda taratibu, likaziba njia, likalala. Daktari aliandika upya na wenzake wakamsifu. Nilistaafu kwa wakati wangu, kwenye ukumbi wa hoteli moja ya Diani, pilau na hotuba. Daktari alisimama akasema yale yale, kwamba Mzee Bakari katika umri wake wote hajawahi kugeuza boksi, na watu wakapiga makofi. Pilau lile halikuwa na ladha yoyote mdomoni mwangu.

Kustaafu kunampa mtu wa kuduwaa muda mwingi mno. Nakaa barazani Msambweni asubuhi na nakwenda kule kwenye ukungu ninapotaka, hakuna mpini wa nyundo wa kunigusa bega. Mwanzoni nilifurahi. Kisha nikaanza kumkuta Mwanatumu huko. Vidonge vinaanguka, tap, tap, naye amesimama na mkoba begani, ananingoja nitoe neno. Safari zangu zikaharibika. Naliandika hili mnione nilivyo: sikwenda kwake kwa wema, nilikwenda kwa kukosa pa kukaa.

Nilimkuta Kibuyuni baada ya Idi, kwenye chanja za kuanikia mwani, akiugeuza kwa mikono miwili. Nywele zake nazo zimeanza kubadilika.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, Mwanatumu. Hujambo?"

"Sijambo. Karibu. Kaa pale kwenye gunia, hilo kavu."

Nikakaa. Yeye akaendelea na kazi. Nikasema, "Nimekuja kwa ajili ya lile boksi."

"Najua. Sikudhani umekuja kununua mwani."

"Nililipanga mimi."

"Najua hilo pia. Mimi nilikuwa nimekwenda kuswali. Niliporudi nikalikuta limejaa, na wewe umekaa umetabasamu peke yako. Nani mwingine angelipanga?"

"Sasa mbona hukusema?"

Akaacha kugeuza. "Ulikuwa mwalimu wangu. Nilikuachia uliseme wewe. Nikangoja mpaka dereva alipowasha gari, na lilivyochelewa kuwaka nikasema, huenda Mungu amelichelewesha kwa ajili yako."

Nililia, mtu mzima mimi, juu ya gunia. Nikamwambia anisamehe.

"Nilikusamehe zamani," akasema, na sauti yake haikuwa laini. "Nilikuwa na mtoto wa kulea, singeweza kukubeba na wewe. Lakini sikiliza. Binti yangu amesomea mawe. Alisoma kwa mwani huu. Alipokwenda kuomba kazi, mkubwa mmoja alimwuliza, wewe si mtoto wa yule mama aliyegeuza boksi kule Chirima? Akarudi nyumbani akaniuliza ni kweli."

"Ukamjibu nini?"

"Nikamwambia aliyegeuza yuko hai, atasema mwenyewe."

Wiki ile ile nilikwenda kwa Daktari, ambaye sasa ni mzee mwenzangu, nikamweleza. Akasema ilimpasa kumwuliza kila mtu alikosoma kabla ya kumhukumu mmoja. Ameandika barua kule binti alikonyimwa kazi. Sijui itafanya nini. Ndipo nyinyi mkaniomba kumbukumbu hizi za mawe, nami nikaona barua moja husomwa na mtu mmoja, lakini haya mtayasoma nyote mlio kwenye kazi, pamoja na yule mkubwa.

Jana nilizipeleka kurasa hizi Kibuyuni nikamsomea Mwanatumu, kwa kuwa ni zake kuliko zangu. Alisikiliza mpaka mwisho, mikono imekunja mwani. Kuhusu mlipuko alisema nimeueleza vizuri. Kuhusu machozi ya kwenye gunia alisema afadhali ningeyaacha. Kisha akauliza jina langu nimeliandika wapi.

"Si nimeandika Bakari kila mahali?"

"Akina Bakari wamejaa kutoka hapa mpaka Ukunda," akasema. "Jina langu mimi lilitajwa kamili waliponilaumu. Andika lako."

Basi aliyelipanga boksi la kumi na saba la Chirima ni mimi, Bakari Hamisi Nyawa, wa Msambweni.